Mkono wa Tsipe Juu ya Meza

Katika mji wetu wa Lubishin, zama za Kaisari yule aliyetaka watoto wa Kiyahudi jeshini, mnyonge alikuwa na silaha moja tu. Aliyedhulumiwa aliweza kusimama sinagogini siku ya Sabato na kuzuia gombo la Sheria lisisomwe mpaka asikilizwe. Tajiri alinunua kiti cha mbele, alimnunua na hakimu wa Kirusi, lakini haki hiyo hakupata pa kuinunua. Ndiyo maana waliichukia. Nimezeeka, na sijasahau uso hata mmoja wa asubuhi ile.

Gombo lilikuwa linatolewa kabatini Tsipe aliposhuka kutoka roshani ya wanawake. Mjane, muuza manyoya ya bata, hakuwahi kukanyaga upande wa wanaume. Akapita katikati yetu, akaweka mkono juu ya meza ya kusomea.

"Nazuia kusoma," alisema.

"Mtoeni huyo!" Reb Zundl alifoka. Huyu ndiye mkuu wa jumuiya yetu, "Reb" kwa heshima tu, si rabi, shuka yake ya sala imetariziwa fedha shingoni.

Mtunza sinagogi alikuna ndevu. "Mimi kazi yangu kufungua mlango, Reb Zundl. Kubeba wajane sikuambiwa."

Watu wakacheka. Rabi Pinkhes hakucheka. "Sema shida yako, mama."

"Mwanangu Notke. Wamemkamata sokoni, wamemfungia kwenye kibanda kando ya nyumba ya kuogea. Kesho alfajiri gari linampeleka kwa Warusi. Mtoto pekee haguswi, Rabi, mliapa hapa hapa. Aliyeandikwa kwenye orodha ya jeshi ni mpwa wa huyu bwana. Leo mpwa yuko kwao anakula samaki, wangu yuko kwenye majani ya farasi."

"Kaisari anataka vichwa," Zundl alisema. "Mimi ndiye ninayejibu. Mamlaka ninayo, kwa muhuri!"

"Muhuri wa nani?" nilipayuka kutoka nyuma. "Sisi tulikupigia kura utugawie mkate wa Pasaka, siyo utugawe sisi!"

"Nyamaza, Leyzer! Mshona majalada ya vitabu, umesoma kurasa mbili unajiona rabi."

"Nimesoma zile ulizoziruka, Reb Zundl."

Rabi alikuwa anasimama, anakaa, anasimama tena. Kwa desturi yetu kofia ya rabi haimpi nguvu ya kumwamrisha mtu kimabavu. Ana neno lake tu, na neno lake lina uzito kadiri wanaomsikia wanavyolibeba. Na Zundl ndiye aliyemlipia kuni za baridi.

"Mama Tsipe," alisema taratibu, "ondoa mkono, tusome. Kesho nitaitisha baraza."

"Kesho mwanangu atakuwa barabarani."

"Mama, chungu changu cha maharage kinaungua kwa mwokaji!" mtu mmoja alilalama.

"Basi kale, uwaache wenye watoto," akamjibu. Mkono haukutikisika.

Tukangoja. Jua lilisogea sakafuni. Wenye njaa walianza kuguna, waliokuwa na wana wakaanza kuwatazama wana wao. Hapo Zundl akapoteza uvumilivu.

"Nina gombo langu nyumbani! Anayeheshimu Sheria anifuate. Tutasoma kwangu, na huyu mwanamke aisomee meza."

Akatoka na shemeji zake, karani wake, wapangaji wake wawili watatu waliokuwa wakitazama chini. Alifika uani, akahesabu. Kusoma gombo kunataka wanaume kumi, naye alikuwa na tisa. Akarudi mlangoni.

"Mmoja tu! Nani anakuja?"

Hakuna aliyeinuka. Hata mwenye maharage alijifanya hasikii.

"Vizuri," Zundl alisema, uso umemwiva. "Kamwiteni Borukh."

Borukh ndiye mtu wake wa kukamata watoto, tena ndiye aliyekuwa mlinzi wa kibanda. Nilisogea dirishani. Nikamwona anakatiza theluji kwa miguu yake mipana, anajifunga shuka ya sala huku anatembea, furaha tele kuwa safari hii ametakiwa na wakubwa kwa kazi ya heshima. Nyuma yake kibanda kilibaki na kufuli tu.

Damu ilinipanda kichwani. Nikamwendea Rabi, nikainama sikioni mwake.

"Rabi, kibanda hakina mlinzi. Leo Sabato. Kuvunja kufuli kunaruhusiwa?"

Aliinua macho. Alikuwa ametoa jasho kama mtu mwenye homa. "Mtoto yuko hatarini, na wewe bado umesimama hapa unauliza?"

Nikakimbia. Jiwe nililing'oa kwenye ngazi ya nyumba ya kuogea. Kufuli liliachia, na giza la ndani likanitazama kwa macho mengi: Notke, na watoto wengine ambao mama zao hawakujua kushuka ngazi. Nikawaonyesha msitu. Notke alitaka kumuaga mama yake, nilimsukuma mgongoni.

Niliporudi, mkono ulikuwa pale pale. "Ametoka," nikamwambia. "Wote wametoka."

Tsipe alifumba macho. Rabi alishusha pumzi, akampungia msomaji afungue gombo. Watu wakaanza kujinyoosha, kupapasa shuka zao.

"Ngojeni," Tsipe alisema.

"Mama, umepata mwanao," Rabi alisema.

"Nimempata. Lakini gari la kesho halitaondoka tupu, Rabi. Sitaki kusikia kesho ni mwana wa nani mmemweka mahali pa wangu. Niambieni leo, mbele ya gombo."

Rabi alitazama kiti kitupu cha Zundl, akatutazama sisi tuliobaki. Nikaenda mezani, nikaweka mkono wangu kando ya wake.