Dari ya Karatasi

Mvua ilinyesha siku nne mfululizo, na siku ya tano Sir Peregrine Tolland akaalika wageni. Mimi nilikuwa msimamizi wa nyumba yake karibu na mto Thames. Ukiitazama kutoka barabarani ungesema ni ngome ya kale, lakini ilikuwa na umri wa miaka mitatu tu, na mawe ya dari yake yalikuwa karatasi iliyolowekwa, ikapondwa na kupakwa rangi ya kijivu.

Mchana ule bwana alifunga mapazia, akawasha mshumaa mmoja, akaanza kuwasomea wageni hadithi ya kutisha ya mzimu aliyoitunga. Amri yake tuliijua: mtumishi atakayeingia yeye akisoma, hana kazi.

Nilichungulia mlangoni. Juu ya kiti cha Bi Araminta Vesey, mjane wa miaka sabini, dari ilikuwa imevimba kama tumbo la ng'ombe. Katikati yake ilining'inia taa ya chuma, nzito kama gunia la ngano. Tone likamwangukia begani. Akalipangusa bila kuangalia juu.

Ee Mungu, nitie nguvu. Nikaingia.

"Bwana, dari inaanguka! Bibi, inuka!"

Wageni wakapiga makofi, mmoja akapaza sauti.

"Peregrine, mjanja wewe! Hadi mtumishi umempangia maneno!"

"Sijampangia kitu," bwana akasema, uso umemwiva. "Dorcas, toka!"

"Msikieni anavyojifanya!" Bi Araminta akacheka. "Siondoki hapa, mwanangu, mpaka nimwone huyo mzimu."

Juu yetu kitu kikakatika. Vumbi likamwagikia kofia yake, naye akazidi kucheka.

Sikuwa nimewahi kusema uongo kwa kukusudia. Nikamwinamia sikioni.

"Bibi, kiti hiki kina mwenyewe. Alifia hapa. Amesimama nyuma yako, anakitaka."

Akaruka kama msichana, akapiga yowe la furaha. Hatua tatu, nne. Ndipo taa ikashuka na nusu ya dari, kiti kikawa kuni.

Hakuna aliyepiga makofi. Bi Araminta alinikamata mkono, kucha zikaniingia.

Bwana alikuja akikanyaga karatasi mbichi.

"Nisamehe, bwana. Nimesema uongo. Hakuna aliyefia hapa."

"Najua. Nyumba nimeijenga mimi." Akachukua kalamu mezani, akaifuta vumbi. "Huyo mzimu wako alikufa kwa nini?"



"Mwambie, mwanangu," Bi Araminta akanong'ona, bado amenishika mkono. "Na mimi nataka kujua."