Mashavu ya Sennojo

Hozumi Eikichi alikuwa mpiga picha hodari, na mimi Otane, mshona wigi wa kampuni yetu ya sinema hapa Kyoto, ndimi niliyekuwa na moyo wa kumvumilia. Wenzake wakila tambi zao kimya, yeye alituhubiria jambo moja tu: uso. Alitaka, kabla hajafa, aonyeshe kwenye pazia uso wa binadamu kwa karibu, vile ulivyo. Siku zile kamera ilisimamishwa mbali, ikawapiga waigizaji kuanzia utosini hadi kwenye nyayo, kwa sababu nyota wetu waliona kukatwa miguu ni matusi.

Nyota mkubwa alikuwa Kazaori Sennojo, mzee wa miaka hamsini na ushee, ambaye kazi yake ilikuwa kuigiza wasichana wa miaka kumi na saba. Sisi wanawake hatukuruhusiwa. Ilisemekana hatuujui uanamke.

Hozumi alimsumbua mwenye kampuni, Bwana Muroi, mpaka akakubali: uso mmoja wa karibu, mwishoni, msichana akimlilia marehemu mama yake.

"Ukiharibu, Hozumi, utarudi kupiga picha za maharusi," alimwambia.

Siku yenyewe Sennojo akatokea amejipaka mashavu rangi nyekundu, kama alivyozoea jukwaani. Hozumi akashika kichwa.

"Mzee wangu, futa hiyo nyekundu. Filamu inaigeuza nyeusi tii. Wenzako wote wanajipaka poda nyeupe tu."

"Wenzangu tangu lini? Osaka nzima imelia kwa mashavu haya, wewe ukiwa bado unanyonya."

"Utaonekana una ndevu!"

"Ndevu! Otane, umemsikia huyu? Kazi yako, Hozumi, ni kuzungusha huo mkono wa kamera kama mwanamke anayesaga soya. Haya, zungusha!"

Jua lilikuwa linatuacha, na Bwana Muroi alikuwa ameanza kukohoa kile kikohozi chake cha hasira. Hozumi akazungusha.

Picha ilipoonyeshwa, ukumbi ulifurika. Nilikaa kando ya Hozumi. Uso ukatokea, mkubwa kuliko mlango, na kwenye kila shavu shimo jeusi. Mtu mmoja nyuma akacheka. Nilimwonea Hozumi huruma mpaka nikakosa pa kutazama.

Lakini kando ya pazia alisimama Kosui, msimulizi wetu, ambaye, kwa kuwa picha zetu hazikuwa na sauti, huwasemea wote walio kwenye picha, kuanzia bwana mkubwa hadi mbwa wake, na hajawahi kukosa la kusema.

"Tazameni!" akalia kwa sauti ya kisichana. "Nimejipaka masizi ya moto uliomchoma mama yangu, asinitamani mwanamume yeyote mpaka nife!"

Ukumbi mzima ukaangua kilio. Mama aliyekaa upande wangu wa pili alilia mpaka akafutia kamasi kwenye mkono wa kimono yangu.

Kesho yake Sennojo alipita akitangaza kwamba alikuwa amelipanga jambo hilo tangu mwanzo. Bwana Muroi akaagiza kila msichana wa kwenye picha zetu apakwe nyekundu mashavuni, awe analia msiba au anachuma chai. Hozumi akafanywa mkuu wa wapiga picha. Nilidhani atakataa. Aliinama mpaka paji la uso likagusa mkeka, na haukupita muda akawa anawaeleza waandishi wa magazeti kwamba giza la shavu ni falsafa yake. Nilimchukia, nasema wazi.

Kisha kampuni ikaanza kuajiri waigizaji wa kike. Wa kwanza alikuwa Fusae, binti wa muuza tofu, ile jibini ya soya, mwenye uso usiojua kuficha kitu. Alipokaa mbele ya kamera, hata maseremala waliacha kugonga misumari. Hozumi alimtazama kwa muda mrefu, na nikajua anakiona ninachokiona.

"Dada Otane," akasema bila kugeuka, "niletee nyekundu."

"Nyekundu ya nini? Si ndio huo uso uliotuhubiria miaka yote?"

"Ndio wenyewe."

"Sasa?"

"Ukiachwa hivi hivi, nani atajua nimeupiga mimi?"

Akampaka mwenyewe, kwa kidole, taratibu, na yule binti akamshukuru.