Mkate wa Pasaka Kisiwani Tubabao

Mama mkwe wangu, Glafira, aliapa kwamba Pasaka haitatupita bila mkate wake mrefu mtamu. Sisi Warusi tuliokulia China tulikuwa tumetupwa Tubabao, kisiwa cha Ufilipino, tunalala kwenye mahema na kungoja nchi itakayotukubali. Unga, mayai na sukari alivipata kwa mchango wa kambi nzima, na sasa kambi nzima ilimtazama yeye.

Alhamisi Kuu akakanda, akatia hamira, kisha akafanya kama alivyofanya miaka yote Harbin, kaskazini mwa China, kwenye baridi ya kupasua ndoo: akaufunika unga kwa blanketi nene la pamba, akauweka karibu na moto. Nami, mjinga mwenzake, nikamsaidia kufunika! Mazoea yana taabu. Kwa joto la Tubabao, kabla ya adhuhuri unga ulikuwa umefurika hadi mchangani, unanuka siki.

"Haya, mabibi wa Harbin!" Zinaida wa hema la jirani, mzaliwa wa Shanghai, akashika kiuno. "Na soksi mmeuvisha?"

"Nenda zako, Zinaida, kabla sijakuvisha ndoo!" mama akamjibu, lakini machozi yalimlengalenga. Unga mkavu uliobaki ulitosha kukandwa mara moja tu.

Safari hii ndoo ya unga tuliizamisha nusu kwenye maji ya chemchemi, kivulini. Unga ukaumuka polepole, kwa adabu. Tukaoka kwenye makopo ya maziwa, ndani ya tanuri la pipa, na mikate ikatoka imesimama wima. Ilibaki ipoe. Kwetu, mkate huo ukipoa hakuna vishindo wala kelele, maana utabonyea. Kambi nzima ikawa inanyata, wanaume wamevua viatu.

Ndipo lori la maji likaja linanguruma, linatuelekea sisi.

Zinaida akachomoka, akasimama katikati ya njia, mikono ameitandaza. Dereva akakanyaga breki.

"Zima!" Zinaida akanong'ona kwa ukali. "Mikate inapoa!"

Dereva Mfilipino hakujua Kirusi, ila mwanamke mwenye hasira alimjua. Akazima.

Jumapili asubuhi, padri alipokwisha kuibariki, mama akaikata. Hakuna hata mmoja uliobonyea! Nililia kwa furaha, sifichi. Zinaida akatafuna, macho ameyafumba.

"Dada Glafira, nchi itakayokuchukua wewe, waambie mimi ni ndugu yako."

"Nitawaambia," mama akasema, akimwongezea kipande. "Nitasema ulilelewa vibaya, lakini ni wetu."