Supu ya Kunihiko

"Rudia," mke wangu aliiambia skrini, na Kunihiko akainua tena bakuli la supu ya miso.

Tulikuwa na vyumba viwili juu ya karakana yangu ya baiskeli, mjini Onomichi, Japani. Katika kimoja tulilala, kingine Chizuru alikifanya cha kuhariria filamu. Aliongoza mwenyewe na kuhariri mwenyewe. Mhariri wa kuajiriwa, alisema, hukata pale anapochoka yeye. Basi akawa anashinda humo na mwigizaji wake. Alimwita Kunihiko tu, bila "san" ya heshima, kama wanavyoitana watu waliozoeana mno. Mimi mumewe aliniita kwa kelele kutoka juu: "Wewe, chai."

Niliona wivu, sifichi. Nilimchukia yule bwana na shingo yake ndefu. Kila nikipanda na chai namkuta kwenye skrini anapuliza supu, anazungusha bakuli, analamba mdomo wa juu, kisha anatazama dirishani kana kwamba mvua imemkosea.

Jumapili moja uvumilivu ukanishinda.

"Mtoe huyo," nikasema.

Hakugeuka. "Nimtoe wapi?"

"Humo kwenye filamu. Humu ndani kwangu. Unamtazama tangu maua ya sakura yachanue, na sasa yameshapukutika. Mimi hata nikinyoa kipara hutajua."

Ndipo akageuka. Akanisogezea bakuli lake la supu ya mchana, ambalo hakuligusa. "Umekasirika kwa njaa. Kula."

Nikala kwa hasira, huku nikitazama nje nisimwone.

"Hiyo supu imepoa zamani," akasema. "Mbona unaipuliza?"

Nikatazama skrini. Kunihiko alikuwa amesimamishwa pale pale, uso dirishani, bakuli mkononi, kama mimi.

"Nimemfundisha mpaka nimechoka," Chizuru akasema. "Pale kwenye mdomo bado anakosea. Ndiyo maana narudia."

Nikaliweka bakuli chini. "Sasa kwa nini hukuniweka mimi?"

"Wewe? Ungejua unatazamwa, ungekula kama mgeni."

Filamu ilipoonyeshwa Hiroshima, kwenye tafrija ya baadaye mzee mmoja alimwendea Kunihiko ukumbini, akamwambia hajawahi kuona mtu akila vile, kwamba amemkumbusha marehemu kaka yake. Kunihiko akainama, akashukuru kwa adabu zote.

Nilikuwa nyuma yake na sahani yangu, njaa inaniuma, nikashindwa kutia kitu mdomoni. Chizuru alisimama upande wa pili akitazama kwetu, na mpaka leo sijui alikuwa akimtazama nani.