Punda wa Kesi

Punda wa Mabrouk alichukuliwa asubuhi, mbele ya kiwanda cha matofali Jang'ombe. Afisa wa mifugo aliunyanyua mkanda wa kuvutia gari la matofali, akaliona donda lililokuwa chini yake, akampigia simu askari.

"Huyu ni mali yangu," Mabrouk alisema.

"Mali yako, ndiyo," afisa alimjibu, "lakini anaumia, na sheria inamlinda. Mshitakiwa ni wewe. Yeye atatunzwa mpaka hakimu aamue."

Punda akapelekwa Fuoni kwa Bi Nassra, mjane mwenye ua mkubwa, anayetunza wanyama wa kesi kwa niaba ya jumuiya moja ya kuwatetea. Mabrouk hakuamini hata kidogo. Nani amlishe punda wa mtu bure? Yule bibi atamkodisha kwa wabeba mchanga, au atamuuza kwa wanunuzi wa ngozi, kisha yeye aambiwe kafa.

Akawa anapita Fuoni mara kwa mara, akichungulia kwenye upenyo wa mabati. Kila akichungulia, anamwona punda hana mkanda wala mzigo, na tumbo limejaa. Wasiwasi ukamzidi. Bila shaka wanamnenepesha wamuuze.

Ijumaa moja baada ya sala akapiga hodi, mkononi ana mfuko wa pumba.

"Shikamoo, Bi Nassra."

"Marahaba." Bibi hakumkaribisha. Macho yake yalikuwa kwenye mfuko. "Umemletea nini?"

"Pumba tu. Ndizo anazozipenda."

"Punda akifa, ushahidi umekwenda. Si ndivyo?"

"Mie nimtilie sumu punda wangu mwenyewe?"

"Sijui. Yupo mtu alikuja hapa na majani mazuri, ng'ombe wake akafa kabla ya kesi. Hebu kula wewe kwanza."

Mabrouk akachota pumba, akatia mdomoni. Zikamkwama kooni. Bi Nassra akampa maji, akasimama akimkazia macho kwa muda mrefu, ndipo akamfungulia.

Donda lilikuwa limefunga ngozi mpya, nyororo. Mabrouk akapiga mluzi wake wa kila siku. Punda akalaza masikio, akarudi nyuma mpaka akagota ukutani.

"Umemfanya nini?" Mabrouk aliuliza.

Bi Nassra akazimwaga pumba kwenye karai. Akamwashiria Mabrouk atoke. Alipofika nje ya mlango, punda akaja akala.

Mahakamani Mabrouk alikiri kosa. Hakimu akamruhusu kumchukua punda, kwa sharti la mkanda mpya na ukaguzi. Yeye akaomba punda abaki Fuoni kwanza. Afisa wa mifugo alimtazama kama mtu mwenye hila.

Siku hizi Mabrouk huenda kule jioni, akakaa chini pembeni ya ua, kimya. Juzi punda alikula yeye akiwa mle mle ndani. Bi Nassra humfungulia, lakini mpaka leo haondoki mlangoni.