Chuo cha Nusu ya Njia

Watu wa Orvale na watu wa Mintner walikuwa hawapikiki chungu kimoja. Kila msimu wa vuli shule zao za sekondari zilicheza mpira, ule wa Kimarekani wa kubebana na kuangushana, na mji ulioshinda ulipanda usiku kwenye tangi la maji la mji ulioshindwa na kulipaka rangi yake. Wazee wazima, wenye maduka na wajukuu, walikuwa wanashika ngazi ili vijana wapande. Sasa watu wa namna hiyo ndio serikali ya jimbo la California iliwaambia waunde wilaya moja ya chuo, walipe kodi pamoja na kusomesha watoto wao chini ya paa moja. Wakikataa, wangemezwa na wilaya ya mji mkubwa wa kusini, na mtoto wa mkulima angesafiri nusu ya siku kwenda kujifunza uuguzi.

Walikubali kwa sababu waliuchukia mji mkubwa kuliko walivyochukiana. Kura zikapigwa, bodi ikachaguliwa: wawili wa Orvale, wawili wa Mintner, na wa tano akatoka mashambani katikati. Huyo alikuwa Idalina Bettencourt, mjane wa Kireno mwenye ng'ombe wa maziwa, ambaye wazazi wake walitoka visiwa vya Azores. Miji yote miwili ilimpigia kura ikidhani mama wa ng'ombe atakaa kimya na kutikisa kichwa. Walijidanganya vibaya sana.

Kikao baada ya kikao bodi iligawanyika wawili kwa wawili, Idalina akikataa kuegemea upande. Orvale walitaka chuo kijengwe Orvale. Mintner nao, msiulize. Mwenyekiti, Chester Haddock, muuza mbegu wa Orvale, alikuwa anagonga meza mpaka mkono unamuuma.

"Jamani," Idalina akasema siku moja, "nyie mnataka chuo au mnataka tangi la kupaka rangi? Kijengwe nusu ya njia. Kila mtu achoke sawa na mwenzake."

"Nusu kabisa?" akauliza Haddock. "Maana nawajua Mintner. Watasogeza."

"Nusu kabisa. Mpima atoke mbali, asiyemjua mtu hapa. Apime kutoka tangi hadi tangi."

Wote watano wakanyoosha mikono, na Idalina akarudi nyumbani akijiona amewanyoosha wanaume wanne kwa sentensi moja. Hakufikiria zaidi ya hapo. Mpima akaja na vyombo vyake, akapima, akapigilia kigingi chake katikati ya shamba la alfalfa, majani ya kulisha ng'ombe, la Idalina mwenyewe, nyuma tu ya banda la kukamulia.

Lo, midomo ya watu! Orvale walisema mama yule mjanja, alijua tangu mwanzo, anataka kuiuzia wilaya majani kwa bei ya dhahabu. Mintner walisema vilevile, na ilikuwa mara ya kwanza miji hiyo miwili kusema jambo moja. Haddock alimfuata mpaka kwenye gari.

"Mama Bettencourt, unajua sheria. Mjumbe haiuzii bodi kitu."

"Najua kusoma, Chester."

"Basi tusogeze kigingi kidogo. Upande wa Orvale, kwa mfano."

"Ukikisogeza hatua moja, Mintner wanajitoa, na wilaya inakufa. Unalijua hilo kuliko mimi." Akafunga mlango wa gari. "Shamba nitalitoa bure."

Maneno yalimtoka kwa sauti ya mtu asiye na wasiwasi, na kweli kwa upande wake hakuwa nao. Lakini shamba halikuwa lake peke yake. Gervasio, mumewe, alipofariki, nusu ilikwenda kwa mwana wao Leonel. Bila Leonel kukubali hakuna shamba, bila shamba hakuna chuo, na serikali ilikuwa imewapa muda mpaka mwisho wa kiangazi.

Na Leonel hakuwa mtu wa kuombwa jambo hilo. Alipokuwa kijana alipata nafasi ya chuo kikuu, mbali kaskazini, kusomea kemia ya udongo. Sanduku lilikuwa limeshafungwa. Wiki ile ile baba yake akaanguka kutoka juu ya rundo la majani makavu na hakuamka tena. Baada ya mazishi Leonel alivaa buti, akaingia bandani. Hakuna aliyemwomba abaki. Mama yake naye hakuna siku aliyomwambia aende, na jambo hilo lilimkaa Idalina kooni miaka yote hiyo.

Alimkuta jikoni anakula mkate mtamu na jibini, kofia kichwani. Idalina alimweleza yote, hakuficha kitu. Leonel alitafuna taratibu.

"Hiyo ni alfalfa yetu nzuri kuliko zote, Mama."

"Najua."

"Ukiitoa, itabidi theluthi ya ng'ombe waende mnadani. Unajua hilo nalo?"

"Najua."

"Kwa hiyo nimekaa hapa, nimelima, nimemwagilia, ili watoto wa Chester Haddock waje kusoma juu ya jasho langu." Hakupandisha sauti. Afadhali angepandisha. "Ungeniuliza kabla ya kumwahidi mtu."

"Kweli, nilipaswa kukuuliza. Nimekosea." Idalina akavuta kiti, akakaa. "Nami nilipaswa kukuambia uende, ulipokuwa kijana. Niliogopa kubaki peke yangu na ng'ombe. Nilikuona unavaa buti, nikanyamaza, maana kimya kilinifaa. Ukikataa leo, umekataa kwa haki. Nitawaambia bodi mimi mwenyewe, na sitakulaumu hata kwa jicho."

Leonel alivua kofia, akaiweka mezani. Akatoka kwenda bandani.

Siku mbili alizungumza kazi tu. Ya tatu, Idalina alisikia trekta, akachungulia. Leonel alikuwa anakata alfalfa, mstari mmoja baada ya mwingine, akizunguka kigingi cha mpima bila kukigusa. Jioni aliingia na vumbi mpaka kwenye kope.

"Mavuno ya mwisho haya, hayapotei bure," akasema. "Hicho chuo kitakuwa na kemia?"

"Kitakuwa nayo."

"Na masomo ya jioni?"

"Chester anataka yaanze saa kumi na mbili."

"Saa kumi na mbili ng'ombe bado wako kwenye mashine za kukamulia. Mwambie Chester mimi natia saini, ila masomo ya jioni yaanze saa mbili."

Kwenye bodi Haddock aliruka. Chuo gani duniani kinaanza masomo saa mbili usiku? Watu wa mjini watalala saa ngapi? Leonel alikuwa amesimama nyuma ya ukumbi na buti zake, na harufu ilikuwa imeshawafikia wajumbe.

"Bwana Mwenyekiti," Idalina akasema, "ardhi hii wameitoa wakamuaji. Ng'ombe hawawezi kubadilisha saa kwa ajili yako. Wewe unaweza." Mintner wakacheka, wakanyoosha mikono. Haddock akawatazama, akautazama ule mlango wa ukumbi ambao Leonel angetokea bila kutia saini, na wilaya ikafa, naye akanyoosha mkono. Mpaka leo wageni wanaohamia wilaya ile wanalalamika kuhusu masomo ya saa mbili, na hakuna anayewajali.

Chuo kilipokwisha kujengwa, jioni ya kwanza ya kemia, mashine moja iligoma. Saa mbili kasorobo Leonel alikuwa bado amepiga magoti chini ya ng'ombe, mikono imejaa grisi, na ng'ombe kumi na kitu wanangoja foleni. Alisema bila kugeuka, "Nitakwenda wiki ijayo." Aliisema kwa wepesi, kama mtu aliyekwisha kuizoea kauli hiyo.

Idalina alikuwa amesimama mlangoni. Alivua koti lake la kanisani, akalitundika kwenye msumari, akachukua kigoda cha kukamulia kwa mkono.

"Inuka," akamwambia. "Nenda."

"Mama, mgongo wako."

"Mgongo wangu haukuhusu. Nenda, Leonel."

Leonel akanawa, akavuka ua mbio kuelekea chuoni.