Mikonge ya Masunga

Jumamosi ya kwanza ya mwezi wa sita, Minza alichuma pamba tangu jua lilipochomoza mpaka saa nne. Akaimwaga kwenye turubai mbele ya nyumba, akachambua: safi huku, fifi, ile ya daraja la pili, kule, majani makavu akayatupa. Kisha akanawa mikono, akamfungua mbuzi, akashuka naye shambani mpaka mwisho, akamfunga kwenye mkonge wa tatu palipokuwa na nyasi. Akaendelea na kigoda chake mkononi mpaka chuoni, kumtazama mjukuu wake akicheza mpira.

Shamba lake lilianzia karibu na mlango wa nyumba, likashuka hatua mia tatu mpaka kwenye mstari wa mikonge. Ng'ambo ya mikonge ndipo kilipokuwa chuo. Mikonge ile aliipanda mumewe, Masunga, mwaka ule watu wa chuo walipokuja kuomba mahali pa kujenga. Masunga aliwapa upande wote wa chini bure, kwa kuwa waliahidi kusomesha watoto wa hapa, na siku ya kupima yeye mwenyewe ndiye aliyewashikia ncha ya kamba. Jioni yake akapanda mikonge kumi na miwili kwa mstari, akamwambia mkewe, "Mpaka ndio huu. Wao wakisahau, mikonge haisahau." Ilikuwa miaka sita tangu afariki, na mikonge ilikuwa haijasahau.

Mpira wenyewe ulikuwa wa Kimarekani. Aliuleta Mwalimu Novatus, ambaye alikaa Marekani miaka miwili akisomea udongo, akarudi na sanduku la vitabu na makontena mawili ya kofia ngumu. Timu ikaitwa Nzagamba, maana yake kwa Kisukuma dume la ng'ombe. Vijana walivaa mabega ya plastiki chini ya jezi, na zile kofia zilikuwa na vyuma mbele ya mdomo kama vile vikapu wanavyofungwa maksai wakati wa palizi wasije wakala pamba. Mpira ulikuwa mrefu kama papai bichi. Vyuo vya Maswa, Shinyanga na kwingineko navyo vilikuwa na timu zao.

Wengi hawakuelewa siku ile. Minza alielewa upesi. Timu inapewa nafasi nne za kusogea mbele hatua kumi. Ikizipata, inapewa nne nyingine. Wenzao wanakaa mbele yao kuwazuia. Watu wakianza kubishana, wanaingia wanaume wawili na mnyororo wenye kijiti huku na kijiti huku, wanapima, na mwenye filimbi anasema nani amepata.

"Kumbe ni kesi ya mpaka," Minza alimwambia jirani yake Mwandu.

"Kesi ya mpaka," Mwandu alikubali. "Ila hii inaisha jioni ile ile."

Luhende, mjukuu wa Minza, ndiye aliyekuwa akipewa mpira. Tangu mdogo alikuwa na mbio, na Minza mwenyewe ndiye aliyemzoeza kutoangusha kitu alichotumwa. Siku ile alikimbia hatua themanini zote pamoja. Nzagamba wakashinda, akina mama wakapiga vigelegele, na Minza akarudi nyumbani amefurahi, akikusudia kumchukua mbuzi njiani.

Mbuzi hakuwapo pale. Alikuwa juu zaidi, katikati ya pamba, amefungwa kwenye mkonge wa tatu, anatafuna. Mikonge yote kumi na miwili ilikuwa imesogea kuelekea nyumbani. Ardhi ilipotoka haikuwa na shimo, na ilipokuja haikuwa na ufa. Mkonge wa tano ulikuwa bado na kovu la panga la Masunga, na sisimizi waliokuwa na kichuguu chini ya ule wa mwisho walikuwa wamekuja nao na kichuguu chao. Minza alipima kwa miguu yake. Hatua themanini. Akamfungua mbuzi akaenda kupika.

Jumatatu akamwita mwenyekiti wa kitongoji, Shija, mtu wa makamo, mwenye kofia ya kitambaa.

"Mwangaluka, mayu," Shija akamwamkia mama kwa Kisukuma.

"Mwangaluka, baba. Mikonge imehama."

Shija akatembea mstari mzima, akaugusa mkonge mmoja mmoja kama mtu anayekagua ng'ombe mnadani. "Mikonge hii aliipanda nani?"

"Marehemu."

"Akasema ni nini?"

"Akasema ndio mpaka."

"Basi mayu, mpaka mikonge imeshausema yenyewe," Shija akasema kwa upole. "Mimi ni mwenyekiti tu. Siwezi kumpinga marehemu."

Jumanne vibarua wa chuo wakaingia kwenye zile hatua themanini, wakachuma pamba iliyokuwa imepasuka. Walimsalimia Minza vizuri. Mmoja wao akamrudishia mfuko wake wa kuchumia, aliokuwa ameusahau huko.

Mechi ya pili Luhende alikimbia hatua sabini, na mikonge ikaja sabini. Ya tatu hamsini, ikaja hamsini. Watu wakawa wanapita kwa Minza Jumamosi jioni kutazama mikonge ilipofika, ndipo wajue matokeo, kabla vijana hawajarudi kutoka uwanjani na kelele zao.

"Mjukuu wako ni swala," Mwandu alimtania akiwa ameegemea baiskeli. "Mwambie achechemee kidogo. Mwaka huu akichukua kombe, utalala barabarani."

"Wewe wako angejua hata kutembea ungesema," Minza akamjibu, na Mwandu akacheka mpaka baiskeli ikaanguka.

Lakini usiku hakuwa na la kucheka. Pamba ya shamba lile ndiyo iliyompeleka Luhende chuoni. Mama yake alimwacha ana miaka miwili, na Minza alimlea hapo hapo, kati ya mlango na mikonge. Kila alipowaza kumwambia apunguze mbio, ulimi ulikuwa mzito. Utamwambiaje mtoto aanguke?

Luhende alikuja mwenyewe, Jumapili baada ya misa. Alikuwa anakaa bwenini, hajafika nyumbani tangu msimu uanze. Akala michembe ya viazi vikavu na karanga, akatoka nje kunawa, akasimama na kopo mkononi.

"Bibi, shamba limekuwa fupi."

"Eeh."

"Tangu lini?"

"Tangu ulipoanza kukimbia."

Akatazama mikonge. Haikuwa mbali. Aliweza kuziona mbegu zilizoning'inia kwenye ule uliochanua. "Mbona hukuniambia?"

"Ulikuwa unakimbia vizuri."

Akakaa chini kwenye turubai la pamba, jambo ambalo Minza hakuliruhusu kwa mtu yeyote, lakini siku ile alimwacha. "Niache timu?"

"Mwalimu Novatus anasemaje juu ya wanaoacha?"

"Anayeacha timu katikati anaacha na kitanda cha bweni."

"Basi maliza ulichoanza," Minza akasema. "Kesho nayo ni siku."

Mechi ya nne ilikuwa Shinyanga, mbali. Minza hakwenda. Alikaa mlangoni akichambua fifi, na saa kumi jioni akaona mikonge imesogea hatua arobaini. Hakuiona ikisogea. Alikuwa ameinama kuokota kikonyo, alipoinua macho ikawa imefika. Akajua Luhende amejitahidi kuchechemea. Mechi nyingine zote zilikuwa hamsini kwenda juu. Zikabaki hatua sitini mpaka mlangoni.

Wiki ile Gloria wa ofisi ya chuo akaja kwa pikipiki, amevaa viatu visivyofaa kwa udongo ule mweusi. Alikuwa binti mwenye adabu.

"Shikamoo bibi."

"Marahaba, mwanangu. Karibu kigoda."

"Sikai sana. Nimeleta fomu. Ni ya kuonyesha tu kwamba umeiona mikonge ilipo. Msimu unaisha, ofisi inataka kufunga faili."

Minza alisoma mpaka darasa la tatu. Alisoma fomu taratibu kwa kidole, mstari kwa mstari, na Gloria akamsubiri. Iliandikwa kwamba yeye, mwenye shamba, anathibitisha mikonge iko hatua sitini kutoka nyumbani kwake na kwamba hapo ndipo mpaka ulipo. Hakuna uongo uliokuwamo. Mikonge ilikuwa hapo, anaiona.

"Na ikirudi?" akauliza.

"Ikirudi tutaleta fomu nyingine."

Shija alikuwapo kama shahidi. Akatikisa kichwa kukubali. Minza akaweka kidole gumba kwenye wino wa zambarau, akakibonyeza alipoonyeshwa. Wino ule haukutoka kwa sabuni wala kwa majivu, na kwa siku tatu pamba aliyochuma ilikuwa na alama ndogo ya zambarau.

Fainali ilichezwa chuoni. Walikuja watu kutoka Kasoli, wengine kutoka Zagayu kwa lori la pamba, na wapigangoma wa pande mbili wakashindana pembeni kuvuta watazamaji. Minza alikaa palepale pa kila siku. Mwandu alikuwa karibu, na kwa mara ya kwanza hakutania.

Nzagamba walikuwa nyuma kidogo. Zilibaki dakika chache. Walikuwa katikati ya uwanja, na Mwalimu Novatus akapiga kelele kwamba mpira apewe Luhende. Akapewa. Mbele yake pakafunguka njia pana, hata mtu mzee angepita. Watu wote wakasimama.

Luhende akageuka, akakimbia kurudi nyuma.

Alikimbia kama alivyokimbia siku zote, kichwa chini, mpira kwapani, hauanguki. Wenzake walidhani ni mbinu, wakampisha. Akapita mstari wa goli lao, akapita kati ya wapigangoma nao wakaendelea kupiga, akapita bustani ya mchicha, akapita jiko la chuo ambako wapishi walikuwa wakisonga ugali, akatoka kwa geti la nyuma na kushika barabara ya kwenda jineri, kiwanda cha kuchambulia pamba. Wale wawili wenye mnyororo walimfuata wakipima kumi kumi na kuhesabu kwa sauti, maana ndiyo kazi yao. Minza hakuinuka. Alikuwa akihesabu kimoyomoyo pamoja nao. Ilipofika mia mbili na arobaini hesabu ikakoma, na mwenye mnyororo mmoja akarudi mbio kumwambia mwenye filimbi kwamba mchezaji amesimama, ameweka mpira chini barabarani, amekaa kando yake.

Mwenye filimbi akafikiri kidogo, akawapa wageni pointi mbili. Wageni wakachukua kombe. Watu wa chuo walimzomea Luhende mpaka sauti zikawakauka, wakamwita msaliti, wakamwita mwoga, na mmoja akamtupia ganda la muwa. Mwalimu Novatus alivua kofia yake, akaitazama ndani kama aliyepoteza kitu humo.

Minza alirudi nyumbani na kigoda chake. Mikonge ilikuwa imerudi chini kabisa, hatua mia tatu, kwenye mstari wa Masunga. Wa tano na kovu lake, wa mwisho na sisimizi wake. Alishuka mpaka pale, akaigusa yote kumi na miwili. Mwandu alikuja nyuma yake akivuta baiskeli.

"Imerudi," akasema.

"Imerudi," Minza akasema. "Wabeja, Masunga. Asante."

Jumatatu akawaita Shija na Gloria. Wakasimama watatu kwenye mikonge, jua likiwa kali.

"Baba, mikonge hii aliipanda nani?" Minza akauliza.

"Marehemu," Shija akajibu. Akavua kofia, akajifuta jasho. "Lakini mayu, mikonge ni mimea tu. Mimea inahama. Leo iko hapa, kesho iko kule. Ndiyo maana Serikali ikaleta karatasi."

Minza akamgeukia Gloria. "Ulisema ikirudi utaleta fomu nyingine, mwanangu."

Gloria alifungua faili lake, akatafuta kweli kweli, karatasi moja baada ya nyingine. Hakuwa mtu mbaya. "Bibi, fomu ya mpaka unaosogea ninayo," akasema. "Ya mpaka unaorudi haijachapishwa."

Halafu Gloria akasema anasikitika, viatu vyake vimejaa udongo, akaondoka.

Mwezi wa nane masalia ya pamba yaling'olewa na kuchomwa kama sheria inavyotaka, chuo kikachoma ya kwake na Minza akachoma ya kwake, moshi ukachanganyika juu. Mwezi wa kumi na moja trekta likasawazisha hatua mia mbili na arobaini, pakawa uwanja mpya, mzuri, uliozungushiwa chokaa, unaoishia hatua sitini kutoka mlangoni kwa Minza. Mikonge waliiacha. Ilikuwa huko chini, mwisho wa uwanja upande wa chuo, na watazamaji walitundika majaketi yao juu yake. Minza alipanda pamba kwenye hatua zake sitini, ikaota vizuri.

Luhende hawakumfukuza. Mwalimu Novatus alisema kijana ana nidhamu, hajawahi kuangusha mpira hata siku ile. Akamnyang'anya kofia na mabega ya plastiki, akampa mnyororo.

Msimu uliofuata Minza hakuhitaji kutembea. Alipita tu kwenye pamba yake na kigoda, akakaa mwisho wa shamba, kando ya chokaa. Jumamosi ya kwanza kukatokea ubishi upande huo huo, na mwenye filimbi akaita wapimaji. Luhende akaja akikimbia na kijiti chake, akafika hadi kwa bibi yake, akasimama. Mnyororo ulikuwa umenyooka, na kigoda kilikuwa njiani.

Akainama. "Shikamoo bibi."

"Marahaba, baba. Umekula?"

"Nimekula." Alikishika kijiti kwa mikono miwili. "Bibi, naomba usogee. Hatua moja tu."

Minza alikitazama kile kijiti, akaitazama na mikono iliyokishika, mikono ya Masunga kabisa. Akainuka, akachukua kigoda, akakisogeza nyuma hatua moja, kati ya pamba, akakaa.